Karanga Havuki Mawe

Jumatatu, 2 Juni

Nimemwita tena leo. Hakuja. Alikaa kule kwenye kichuguu, masikio juu, ananitazama kama mtu aliyeitwa barazani kusikiliza hotuba ya jumbe. Nimeita mpaka koo limekauka, na mate ya mfungo si ya kuchezea. Mjomba Saidi, ambaye shamba lake limepakana na letu, akapita na jembe begani. "Somoe, hizo karanga mbichi au za kukaanga?" Kila siku swali hilohilo. Kila siku analicheka upya.

Jina sikulitoa mimi. Mume wangu Rashidi ndiye aliyemleta mbwa kutoka Nachingwea, wazungu wa mashamba ya karanga walipoacha mashine zao porini wakaenda zao. Mmoja wao aliacha viti na mbwa. Viti vilipata wenyewe siku hiyohiyo. Mbwa hakupata. Rashidi akamleta hapa Matambarale, akamwita Karanga. Kisha na yeye akaenda zake, kukata mkonge huko Lindi. Kaniachia mbwa, shamba na mama yangu.

Usiku nguruwe waliingia upande wa mihogo. Karanga alikuwa amelala pembeni ya nyumba. Analinda nyumba. Nyumba ina nini cha kuliwa na nguruwe?

Jumanne, 3 Juni

Sikulala. Nalala kwenye dungu, kile kitanda cha miti juu ya nguzo katikati ya mtama, na debe la kupiga pembeni. Nikipiga, nguruwe wanasogea upande wa pili. Nikinyamaza, wanarudi. Wamekwisha kujua debe haling'ati.

Naandika hapa nagombana na mnyama kwa ajili ya nini, nisije nikasahau kwa usingizi. Nataka aje nikimwita. Nimtie kamba, jioni twende naye shambani, nimfunge chini ya dungu. Nguruwe wakisikia harufu ya mbwa na sauti yake hawaingii, kila mwenye shamba anajua. Basi. Sitaki mengine.

Mwaka jana waliingia wakamaliza. Tulikula ming'oko, tunachimba porini kutwa nzima kwa chakula cha mlo mmoja, mpaka Mama akavimba miguu. Nikibonyeza kidole, shimo linabaki. Mwaka huu mtama ukiliwa, Mama hatavuka. Simwambii, lakini anajua. Anazitazama nguzo za ghala tupu halafu anatazama miguu yake.

Ijumaa, 6 Juni

Mchumia juani hulia kivulini. Nachuma mimi juani, kivulini anakula nguruwe.

Nimemwita asubuhi, nimemwita alasiri. Anakuja mbio, nafurahi, kisha anasimama mbali na kukaa. Hapo ng'o! Umsihi, umtukane, hasogei. Nikimfuata na kamba anaondoka taratibu, hata hakimbii. Ananidharau. Nilimrushia kipande cha kuni. Baadaye nikaona aibu, kwa kuwa kuni zenyewe nazifuata mbali.

Jumapili, 8 Juni

Mama anasema afadhali asije. Mama na mbwa, mawe yako katikati yao.

Mawe yale niliyapanga mimi, kuzunguka uwanja wote wa nyumba. Alipoletwa, Karanga alikuwa na tabia za kizungu. Kila mtu anamfuata, anamlamba mikono, anataka kichwa chake kiwekwe mapajani. Siku ya pili akatia mdomo kwenye chungu cha uji. Lo, kelele za Mama! Chungu kikasuguliwa kwa udongo, kikaoshwa mara saba kama dini inavyotaka, maji ya mtungi mzima yakaisha, na kisima kilivyo mbali. Mama akasema mbwa wa kulinda shamba ana ruhusa yake, mbwa wa uwanjani hana. Nikapanga mawe. Nikakata fimbo ya mpera. Akivuka, fimbo. Akivuka, fimbo. Akashika upesi. Kichwa chake chepesi kuliko cha Rashidi.

Tangu hapo havuki. Hata mvua inyeshe, hata kuku apite puani mwake. Nilijisifu sana. Nilisema nimefuga mbwa mwenye adabu kuliko watoto wa watu.

Jumatano, 11 Juni

Balaa.

Tarishi wa jumbe kapita leo, nyumba kwa nyumba. Kichaa cha mbwa kimeingia, kinatokea upande wa Nachingwea. Amri imetoka. Wiki ijayo, Jumamosi, bwana mifugo atafika na askari wenye bunduki. Mbwa aliye kwenye kamba, na kamba imo mkononi mwa mwenye mbwa, atakaguliwa na kuachwa. Aliye huru atapigwa risasi, wa nani hawaulizi.

Nikamuuliza tarishi, na ambaye hakamatiki je? Akatazama kichuguu, Karanga amekaa kama sultani. Akasema, "Huyo basi tena, mama."

Mama kasema Mungu ameleta njia yake. Nilimjibu vibaya. Nilimwambia nguruwe nao ni njia ya nani. Nikafuturu peke yangu, nyuma ya nyumba, uji umeingia moshi. Simtaki mtu leo.

Alhamisi, 12 Juni

Kichwa cha samaki mkavu, cha mwisho ndani ya nyumba. Nilikishika juu nikamwita. Alikuja, alikuja, alikuja, mate yanamtoka. Akasimama palepale. Nikarusha. Akala. Akaondoka.

Kichwa cha samaki kimekwenda, mbwa kaenda. Nimebaki nanuka vidole.

Ijumaa, 13 Juni

Mjomba Saidi amesema mambo ya kuitaitana ni ya wanawake. Samaki mkunje angali mbichi, huyu amekwisha kukauka, dawa yake mtego. Yeye fundi wa mitego, paa na kanga wa eneo hili wanamfahamu. Akapinda ufito, akatega kitanzi kwenye njia yake, kando ya mbaazi.

Nilikubali. Nimechoka, ndiyo maana nilikubali.

Kamba ilimnasa shingoni. Kilio kile sijapata kukisikia kwa mnyama. Ufito ulimrusha juu, akapiga chini, akajirusha tena, kitanzi kikateleza na ngozi kidogo ikabaki kwenye kamba. Akatokomea kwenye pori la upande wa mto mkavu. Mjomba akakunja kamba yake hanitazami. Akasema mbwa wa kizungu hajui mitego. Nikamwambia asante mjomba, pumzika.

Jumapili, 15 Juni

Haonekani tangu Ijumaa.

Nguruwe wameonekana. Mtama wa upande wa mto umelazwa chini, umetafunwa, umekanyagwa. Mihogo, mashimo matupu. Nilisimama pale jua limetoka, nina kiu ya siku nzima mbele yangu, nikalia. Nilimlilia nani sijui. Rashidi labda. Mkonge labda.

Mama alitaka kuja kulala dunguni badala yangu. Na miguu ile! Nikamkatalia. Akasema unaona kila mtu mzigo. Kweli, naona kila mtu mzigo. Hata mikono yangu naiona mzigo.

Jumatatu, 16 Juni

Karudi. Yuko kwenye kichuguu, kakonda, shingoni pana kidonda kibichi na nzi. Moyo wangu uliruka. Sikutegemea uruke.

Nikatoka mlangoni, nikavuka mawe mpaka kwenye mbaazi, nikamwita. Akaja nusu ya njia ya siku zote. Nikamwita tena, tena, sauti ya upole, sauti ya sukari. Akawa anakuja kidogo, anasimama.

Mama alikuwa kwenye mkeka anamenya mihogo ya makopa. Hakuinua kichwa. Akasema, "Unamwita huku unarudi nyuma. Hata mimi nisingekuja."

Nikasema sirudi nyuma. Akaelekeza kisu chini.

Nyayo zangu zilikuwa mchangani. Zimeanza mbali, kwenye mbaazi, zinakuja kinyumenyume, kisigino mbele, mpaka kwenye mawe, zimevuka mawe, mpaka mlangoni. Nilikuwa nimesimama mlangoni na kanga nimeikusanya juu ya magoti, isije ikaguswa. Sikujua kabisa.

Nimefikiri kutwa. Hakuna mtu hapa, tangu mbwa huyu alipoletwa, aliyesimama mpaka akafika. Watoto wanamwita halafu wanakimbia wakipiga kelele. Mjomba anainua kanzu. Mama anashika fimbo. Mimi narudi nyuma. Mdomo unasema njoo, miguu inasema toka. Na yeye kaifuata miguu. Angefuata nini?

Jumanne, 17 Juni

Kusimama ni kazi. Nani angedhani! Nilijiambia leo sisogei. Karanga alipokaribia, miguu ikaondoka yenyewe. Mwili umefundishwa tangu utotoni, nao hauulizi ruhusa. Mara tatu nimejikuta nyuma ya mawe. Mama akacheka, cheko la kwanza tangu mfungo uanze.

Jumatano, 18 Juni

Nimepata dawa. Nakaa chini. Aliyekaa hawezi kurudi nyuma.

Nilikaa chini kwenye njia ya mbaazi, mbali na uwanja, bila kamba. Kamba akiiona tu anaondoka, Mjomba kafanya kazi yake. Nikamwita mara moja nikanyamaza. Jua likanipiga utosini. Nilisinzia, naona nilisinzia kweli, maana nilipofungua macho alikuwa pale. Pua yake mbichi ilikuwa kwenye kidole gumba cha mguu wangu. Ananusa. Mguu unataka kuondoka, nikaushikilia kwa mikono miwili. Akanusa, akapumua, akaenda zake.

Nikarudi nikauosha mguu, udongo na maji, mara saba. Mama alinitazama toka mwanzo hadi mwisho. Akasema tu, "Mtungi umefika chini."

Alhamisi, 19 Juni

Milio ya bunduki asubuhi, upande wa Chunyu. Wameanza huko. Mlio mmoja, kimya, miwili pamoja. Karanga alilala chini tumbo ardhini.

Alikuja tena nilipokaa. Akakaa karibu, mkono ungefika. Sikunyoosha. Niliogopa yeye aogope. Sote waoga.

Ijumaa, 20 Juni

Siku imepotea. Nilirudi kutoka dunguni asubuhi nikaegemea ukuta nipumzike kidogo tu, nikaamka alasiri. Siku ya mwisho nimelala! Nikatoka mbio nikaita. Hakuwepo. Milio labda imemfukuza.

Mjomba alikuja jioni baada ya futari. Safari hii hakuuliza ubichi wala ukaangaji. Alisema nikubali tu, ataniletea debe jingine, tupige yeye huku na mimi kule. Mzee kama yule akeshe kila usiku mpaka mavuno? Nikamshukuru. Alipoondoka nikajua hata yeye amekwisha kumzika mbwa.

Jumamosi, 21 Juni



Walikuja kabla ya adhuhuri. Bwana mifugo, askari wawili na bunduki zao, tarishi, na nyuma yao nusu ya kijiji. Wakasimama uwanjani. Bwana mifugo akauliza kama nina mbwa. Nina. Kamba iko wapi? Nikasema inakuja. Uongo mtupu.

Nikasimama katikati ya uwanja nikaita. Karanga! Hakuna aliyecheka leo. Mtama ukatikisika upande wa kichuguu, akatoka. Akaja mbio, moja kwa moja, hakusimama njiani hata mara moja. Watu wakavuta nguo zao wakarudi nyuma. Nikasema ndani ya moyo, njoo baba, njoo, njoo.

Akafika kwenye mawe. Akakaa.

Nikamwita avuke. Alitikisa mkia, akanitazama, akatazama mawe. Havuki. Kama nilivyomfundisha. Mbwa mwenye adabu kuliko wote Matambarale, na adabu ile ile niliyomtia kwa fimbo ndiyo ilikuwa inamuua. Askari mmoja akaniambia, "Mama, sogea pembeni." Akainua bunduki.

Sikusogea pembeni. Nikaenda mbele. Polepole, maana ningekimbia angekimbia. Nikafika kwenye mawe nikakaa chini, juu ya mawe yenyewe, mgongo nimewapa wao na bunduki yao. Sikumwita tena. Nikanyoosha mikono.

Akaja. Akaweka kichwa mapajani mwangu, kizito, kana kwamba kilikuwa kinasubiri mahali pa kupumzika tangu Nachingwea. Akanilamba kidevu, shavu, mdomo. Nilisikia wanawake nyuma wakisema astaghafirullah. Mimi nilikuwa nacheka au nalia, sijui. Nikamkumbatia. Ananuka, ana kupe, mbavu nazihesabu kwa vidole. Kamba sina. Nikavua kanga yangu ya kichwani mbele ya wanaume wote wale, Ramadhani mchana, nikamfunga shingoni juu ya kile kidonda, na upande wa pili nikauzungusha kwenye mkono wangu.

Bwana mifugo akasema hiyo si kamba.

Nikasikia sauti ya Mjomba Saidi. "Bwana, kamba kazi yake kushika. Hiyo imeshika."

Bwana mifugo alizunguka akaja mbele yangu. Akamtazama mbwa mdomo na macho. Akanitazama na mimi, kichwa wazi, uso umelowa mate. Yeye naye alikuwa amechoka, nilimwona. Amesikia milio hiyo kutwa kuliko sisi. Akapunga mkono, askari akashusha bunduki. Wakaenda nyumba ya pili.

Watu wakaondoka wakitazama nyuma. Nilibaki nimekaa. Nikaogopa kugeuka nyuma, nimwone Mama. Nikasikia fimbo yake ya kutembelea inakuja, polepole, na miguu yake ile. Akafika na kata ya maji na mtungi kiunoni, maji ya futari, maji yote tuliyokuwa nayo.

"Udongo kwanza," akasema.

Nikajipaka udongo. Mikono, uso. Akamimina. Akahesabu kwa sauti, kila mara, hakuruka hata moja. Ya saba alimimina taratibu kuliko zote. Kisha akavua kanga yake ya juu akanifunika kichwa.

Jumapili, 22 Juni

Karanga kalala chini ya dungu, amefungwa kwa kanga. Amebweka. Nguruwe wamefika mpaka mbaazi, wakageuka.

Kisimani wanawake walinyamaza nilipofika. Wanyamaze. Mimi nimechoka mno kuona haya.

Jumanne, 24 Juni

Idi. Mwezi ulionekana jana. Mjomba ametuletea nyama kidogo ya mbuzi na akauliza kama Karanga naye anapata fungu lake. Tumekula wali. Mtama uliobaki unatosha, si wa kujivunia, unatosha. Miguu ya Mama leo imepungua uvimbe.

Jioni nilijilaza chumbani dakika chache kabla ya kwenda shambani. Macho yakagoma kufunguka. Nilisikia fimbo ya Mama uwanjani, nikadhani anakwenda kufunga kuku. Nikachungulia kwenye upenyo wa ukuta. Alikuwa amesimama nje ya mawe, kanga mkononi, ile iliyogeuka kamba.

Akamwita. Sauti kavu, kama anavyoniita mimi nikichelewa. Karanga akanyanyuka kwenye kichuguu akaja mbio. Mama akarudi nyuma hatua moja. Kisha akachimbia fimbo yake mchangani, akasimama.

Nikasikia wakienda njia ya shambani, fimbo na kucha. Nilitaka kuamka nimwambie arudi, dungu ni langu. Nikageukia ukutani nikalala.